Ni Nani Atakayemdhamini Mnyonge?

Somo: Nehemia 5:1–13



Siku zile ukuta wa Yerusalemu ulipokuwa ukijengwa, kilio kikuu kilisikika mjini. Hakikuwa kilio juu ya adui aliye nje ya ukuta. Watu na wake zao waliwalilia ndugu zao Wayahudi. Wengine walikuwa wameweka rehani mashamba na nyumba ili wapate nafaka wakati wa njaa. Wengine walikopa fedha wapate kulipa kodi ya mfalme wa Uajemi. Tena wengine waliwaona watoto wao wakitiwa utumwani, wala hawakuwa na uwezo wa kuwakomboa. Basi twaona hapa mizigo miwili juu ya mgongo mmoja: mzigo wa mfalme aliye mbali, na mzigo wa ndugu aliye jirani.

Sisi tukaao Bugarama twaujua mzigo wa kwanza, maana mgodi wa Bulyanhulu uko kwetu. Zamani wachimbaji wadogo walichimba maduara yao hapa kwa nyundo na sururu. Mwezi wa Agosti mwaka wa 1996 waliondolewa kwa amri ya Serikali, ili mahali pale pashikwe na kampuni iliyopewa leseni. Habari za siku zile zimebishaniwa sana. Wako walioshuhudia ya kuwa watu walifukiwa mashimoni. Serikali na kampuni walikana. Hatuandiki ili kuhukumu shauri hilo. Lakini yako mambo yasiyobishaniwa. Mwaka wa 1999 kampuni ya Barrick ya Kanada ilishika mgodi huo. Mwaka wa 2000 shirika la MIGA, lililo tawi la Benki ya Dunia, likaudhamini kwa dola milioni 172, kusudi wenye mali na mabenki yaliyowakopesha wasipotelewe na fedha zao, kama vita au fujo ingetokea, au kama Serikali ingeitwaa mali yao. Mwaka wa 2001 dhahabu ikaanza kutoka.

Lifikirini neno hilo, ndugu. Tajiri alitafuta mdhamini kabla ya kuitoa dhahabu yake ya kwanza, naye akampata. Hatumlaumu kwa busara yake. Lakini yule mchimbaji aliyefunga mzigo wake akaenda na watoto asikojua, ni nani aliyemdhamini?

Tena tusiseme kwamba wakubwa hawaulizwi. Mwezi wa Machi mwaka wa 2017 Serikali ilizuia mchanga wenye dhahabu, uitwao makinikia, usitoke nchini, na makontena 277 yakabaki bandarini Dar es Salaam. Mwaka huo huo Bunge likapitisha sheria mpya juu ya mali ya asili ya taifa. Na tarehe 24 Januari 2020 mapatano yakatiwa sahihi: Serikali ikapata hisa 16 katika kila mia za migodi, kwa njia ya kampuni ya Twiga, na Barrick ikakubali kulipa dola milioni 300 ili kumaliza madai. Basi Mkristo asidhani kuwa ni dhambi kuuliza hesabu. Nehemia aliwauliza wakuu mbele ya mkutano mkubwa, nao hawakuwa na la kujibu.

Sisi nasi tulihubiri habari hizo, na watu wakaitikia kwa furaha. Lakini Jumapili moja, tulipokuwa tumekwisha kunena kwa nguvu juu ya kampuni kubwa, mjane mmoja wa usharika alitungoja mlangoni, akiwa na daftari ya shule mkononi. Alikuwa amekopa shilingi laki mbili, ili mtoto wake apelekwe hospitali Kahama. Kila mwezi alipaswa kuleta riba ya elfu sitini. Alileta miezi mitatu, yaani laki moja na elfu themanini. Mwezi wa nne akashindwa. Na deni lake? Lingali laki mbili kamili, maana alichokileta chote kilihesabiwa kuwa riba. Sasa mwenye fedha alilitaka jaruba lake la mpunga, ambalo mjane alikuwa ametia dole gumba asiweze kulisoma karatasi. Mikopo ya namna hiyo watu wameiita kausha damu. Na jina hilo halikutungwa na mhubiri.

Tulimwuliza jina la mkopeshaji. Akatazama chini, akalitaja. Alikuwa mzee wa kanisa letu, ambaye saa ile ile alikuwa akihesabu sadaka ndani. Naye ndiye aliyetoa mabati ya paa letu, nasi tulimshukuru mbele ya watu wote bila kuuliza yalikotoka.

Ndugu, hapo tulikumbuka ya kuwa Nehemia hakuwakemea wengine tu. Alikiri kwamba yeye na jamaa zake nao walikuwa wamewakopesha watu fedha na nafaka, akasema, tuliache jambo hili. Nasi twakiri. Tuliisikia sauti ya mgodi ulio nje, wala hatukusikia kilio kilicho chini ya paa letu.

Tulimwendea mzee yule usiku, peke yetu, kama Bwana alivyotufundisha. Akatuambia, “Mchungaji, hata benki zatoza riba.” Tukamjibu, “Twajua. Mfanyabiashara akopaye ili aongeze mtaji, akipewa karatasi aielewayo na riba yenye kiasi, hilo ni jambo jingine. Lakini Torati yamnena maskini aliye kati yetu, akopaye kwa sababu ya shida. Huyo asitozwe riba. Wakuu wa Yerusalemu waliamriwa warudishe hata sehemu moja ya mia. Wewe watoza thelathini katika mia kila mwezi!” Alinyamaza. Siku ya nane akaileta karatasi ya jaruba, akaturudishia, akasema mjane atalipa lililobaki baada ya mavuno. Riba aliyokwisha kuipokea hajairudisha, na neno hilo lingali kati yetu naye. Tunamwombea, nanyi mwombeeni.

Basi, wainjilisti, yatupasa kufanya nini? Kwanza, mfundisheni kila mtu asitie sahihi wala dole gumba katika karatasi asiyosomewa na mtu amwaminiye. Pili, mzee wa kanisa asile riba ya maskini. Akitaka kuila, na aweke chini uzee wake. Tatu, kila usharika uwe na mfuko mdogo wa kukopeshana bila riba wakati wa ugonjwa na njaa, wenye daftari wazi. Sisi tumeuanza wetu. Nne, mtu au kampuni ikitupa saruji au mabati, tushukuru, lakini tusiwape ulimi wetu pamoja na shukrani.

Mithali zatuonya tusiwe wadhamini ovyo. Hata hivyo Yuda alijitoa kuwa mdhamini wa Benyamini mbele ya baba yao, na saa ya hatari ilipofika alitaka kukaa mtumwa mahali pa mdogo wake. Katika kabila la huyo Yuda alizaliwa Bwana wetu, ambaye Waraka kwa Waebrania wamwita mdhamini wa agano lililo bora. Hakutuuliza tuna rehani gani. Alilipa deni letu kwa damu yake mwenyewe. Je, sisi tuliolipiwa hivyo twaweza kuikausha damu ya ndugu yetu?

Nehemia alikung'uta nguo yake, akaomba Mungu amkung'ute vivyo hivyo kila asiyelitimiza neno lake. Na mkutano wote ukaitika, Amina. Mwezi huu, kabla hamjauliza habari za mgodi, kila mmoja na akung'ute nguo yake mwenyewe. Kisha tuuzeni pamoja sauti zetu kwa haki tu, wala si kwa fedha. Bwana awape nguvu. Amina.