Kahawa kwa Tumbaku

Katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, majeshi mawili yalikaa majira ya baridi ya 1862 hadi 1863 yakitazamana, mto Rappahannock katikati, penye mji wa Fredericksburg. Watu wa Kaskazini walikuwa na kahawa. Wa Kusini, ambao bandari zao zilizingirwa, walikuwa na tumbaku. Basi walinzi wakatengeneza vimashua vya mbao, wakawa wanapelekeana bidhaa, hata magazeti. Wakubwa walikataza, biashara iliendelea.

Wengi husifu habari hii kuwa ni ushahidi wa utu. Mimi inanisumbua. Desemba hiyo ya 1862 jeshi lilelile la Kaskazini lilikuwa limeingia mjini na kupora nyumba za raia, likatupa vitabu na magodoro barabarani, wenyewe wakiwa wamekimbilia porini na watoto wao.

Watasema askari walikuwa na hasira, maana wenzao walikuwa wameuawa katika mitaa ileile. Ni kweli. Lakini waliowaua ni askari wa Kusini, na hao ndio waliokuja kupelekewa kahawa. Yule mama wa porini alikuwa amemuua nani?