Sadaka Hailipi Deni

Mtu apitaye katika vichochoro vya Mji Mkongwe wa Unguja hutembea kati ya kuta zilizotoka baharini. Mawe yake ni ya matumbawe, na chokaa iliyoyashika ni matumbawe yaliyochomwa tanuuni. Viumbe vidogo sana viliyajenga kwa maelfu ya miaka, kila kimoja kikitoa chokaa yake kidogo. Kisha binadamu akaja, akajenga nyumba kwa kazi yao.

Leo wajenzi hao wadogo wamo taabuni. Watu wachomapo makaa ya mawe na mafuta huijaza anga hewa ya ukaa, na bahari humeza karibu robo ya hewa hiyo. Ikiisha kuingia majini hugeuka kuwa tindikali hafifu. Tangu zama za viwanda zilipoanza, uchachu wa maji ya juu ya bahari umezidi kwa kadiri ya sehemu 30 katika 100. Ukidondosha ndimu juu ya kombe la pwani utaona povu: ni chokaa inayoliwa. Maji ya bahari hayajawa makali kama ndimu, hata kidogo, lakini yamesogea upande huo, na kila kiumbe kijengacho kwa chokaa chaona kazi yake imekuwa nzito.

Pamoja na uchachu limekuja joto. Mwaka 1998, na tena mwaka 2016, matumbawe ya pwani zetu yalipauka, na mengi yakafa. Joto hilo limewafikia pia akina mama wa Paje na Jambiani, ambako kilimo cha mwani kilianza mwaka 1989. Kwa mwani wengi wao wamelisha nyumba na kusomesha watoto. Lakini mwani wa kotonii, ambao ndio wenye bei nzuri, hauvumilii maji ya moto. Huugua na kukatika. Wengi wamebaki na spinosamu, ambao jasho lake ni lile lile, na malipo yake ni madogo.

Basi, twauliza: mkosaji ni nani? Mwenye kiwanda cha Ulaya na mwenye gari wa Marekani pengine hawajapata kulisikia jina la Paje. Hawakumchukia mtu. Tena moshi wa kila mmoja, ukiwa peke yake, hauui hata tumbawe moja. Kwa hiyo wako wasemao: pasipo kusudi hapana hatia, na pasipo hatia hapana deni.

Neno la kwanza ni kweli. La pili si kweli. Mtu amenunua ng'ombe mnadani kwa nia safi. Baada ya mwaka aja mwenye ng'ombe, aonyesha alama yake, na mashahidi wathibitisha kwamba aliibiwa. Yule mnunuzi si mwizi, wala hana wizi wa kuungama. Hata hivyo ng'ombe si wake. Akimrudisha, atabaki mtu mwema. Akimfunga zizini na kuendelea kumkama, basi tangu siku hiyo hawezi tena kusema, "Sikujua." Hatia hutoka katika nia, deni hutoka katika haki ya mwingine iliyomo mikononi mwetu.

Mataifa makubwa yalitajirika kwa moshi bila kujua. Lakini mwaka 1992, huko Rio de Janeiro, yalitia sahihi mkataba juu ya jambo hili hili. Tangu hapo mwenye ng'ombe amekwisha bisha hodi.

Nao wamejibuje? Huko Paris, mwaka 2015, walikubali kuzitaja hasara za nchi maskini, ila wakaandika kwamba neno hilo lisiwe msingi wa kudai fidia. Mwaka 2022, huko Misri, walikubali uwepo mfuko wa kuwasaidia walioumia. Ni jambo jema, nasi hatulidharau. Lakini mtoa sadaka huchagua mwenyewe kiasi na siku, kisha hushukuriwa. Mwenye deni hachagui, na asipodaiwa kwa ukali, yeye ndiye wa kushukuru. Baba Mtakatifu Fransisko, katika waraka wake Laudato Si' wa mwaka 2015, aliuita wajibu huu wa nchi tajiri kwa nchi maskini kwa jina lake: deni.

Nasi tusijifanye watakatifu. Ni kweli kwamba Afrika nzima hutoa chini ya sehemu 5 katika 100 za hewa hiyo. Lakini deni la jirani halitupi ruhusa ya kuiba. Avuaye kwa baruti hubomoa kwa dakika moja kilichojengwa kwa karne nyingi, na akataye mikoko ovyo huondoa malezi ya samaki. Naye anawajua kwa majina wale watakaokosa kitoweo. Kisiwani Chumbe, karibu kabisa na mji wa Unguja, matumbawe yamehifadhiwa tangu mwaka 1994, na samaki wamejaa. Kumbe yawezekana.

Wazazi, wafundisheni watoto tofauti ya kutoa na kulipa, wangali wadogo, kwa mambo madogo ya nyumbani. Mtoto aliyevunja mtungi wa jirani bila kukusudia asipigwe. Lakini apelekwe kwa jirani, mkononi akiwa na mtungi mwingine. Akikua akawa mfanyabiashara au waziri, hatahitaji kuambiwa kwamba dawa ya deni ni kulipa.