Maji ya Bell

Ndugu msomaji, ukitakiwa umchague mtu wa kuwaongoza wenzio, utamtazama nini? Wengi wetu humtazama mkono: amewapa watu nini? Nami nilikuwa katika hao, mpaka niliposoma habari za bibi mmoja wa Marekani, Wilma Mankiller, wa kabila la Cherokee. Hao ni katika wenyeji wa asili wa nchi ile, ambao vitabu vyetu vya skuli vikiwaita Wahindi Wekundu, na wala si Wahindi wala si wekundu. Jina lake lisikutishe. Maana yake ni muuaji, lakini asili yake ni cheo cha askari.

Alizaliwa Oklahoma mwaka 1945. Mwaka 1956 wazazi wake wakahamia naye San Francisco, kwa mpango wa serikali wa kuwapeleka wenyeji mijini. Aliporejea kwao, akaajiriwa na serikali ya kabila lake mwaka 1977.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980 akapelekwa kijiji cha Bell, ambako nyumba nyingi hazikuwa na maji ya bomba. Watu wa nje wakisema: hao hawafanyi kazi, mtapoteza wakati. Wilma na mwenziwe, Charlie Soap, ambaye baadaye akawa mumewe, hawakuwapelekea maji. Waliitisha mkutano wakawauliza wenyeji haja yao. Wakajibu: maji. Basi fedha za vifaa zikatafutwa kwengine, lakini mabomba wakayalaza wao wenyewe, wanaume kwa wanawake, kila familia na kipande chake, maili zipatazo 16. Cherokee huiita kazi ya namna hiyo gadugi. Sisi tungesema ujima.

Sisemi kutoa ni kubaya, kwani mgonjwa huwezi kumwambia achimbe. Lakini watu wa Bell hawakuwa wagonjwa. Walikuwa wamesemwa tu, na kusemwa kukizidi mtu huamini.

Mwaka 1983 aligombea unaibu wa mkuu wa kabila. Akaambiwa mwanamke hafai, magurudumu ya gari yake yakachanwa, akatishiwa kuuawa. Ajabu ni kuwa ukoo wa Cherokee tangu kale hufuata upande wa mama! Akashinda. Mwaka 1985 mkuu alipokwenda kushika kazi Washington, yeye akakaa mahali pake, mwanamke wa kwanza. Mwaka 1987 watu wakamchagua wenyewe, na mwaka 1991 wakampa zaidi ya asilimia 80 ya kura. Aliondoka madarakani mwaka 1995, akafariki mwaka 2010.

Sasa nikwambie langu. Zamani niliwaombea wanafunzi wa chuoni kwangu kisima kwa tajiri mmoja. Kikachimbwa upesi, nikasifiwa sana. Sikumuuliza mzazi hata mmoja, wala sikumtaka ashike jembe. Siku ilipokatika kamba ya ndoo, wazazi walikuja mlangoni kwangu wakauliza: "Maalim, utaleta lini nyengine?"