Je, Kila Kijani ni Neema?

Mwezi uliopita, baada ya darsa ya alasiri, kijana mmoja katika wanafunzi wangu aliniuliza suali nami nikamjibu upesi, na kujibu upesi ni aibu kwa mtu wa umri wangu. Alisema: "Maalim, nimesoma kuwa barafu ya kaskazini ya dunia inayeyuka, na pale inapoondoka panaota majani. Je, hiyo si neema?" Nikamwambia: "Ndiyo, mwanangu. Ardhi iliyokufa ikihuishwa ni rehema." Wanafunzi wakaridhika, nami nikaridhika, tukaenda kuswali magharibi. Usiku usingizi haukunijia. Nilijiona nimetoa fatwa juu ya nchi nisiyoijua.

Basi nikaanza kutafuta khabari, na mjukuu wangu akanisaidia. Sehemu ile huitwa Aktiki. Tangu mwaka 1979 imepata joto kwa kasi inayokaribia mara nne ya kasi ya dunia nzima. Barafu ya bahari yake, ambayo kila Septemba hubaki kidogo kuliko miezi mingine, katika miaka ya 1980 ilikuwa kiasi cha kilomita za mraba milioni 7; Septemba ya mwaka 2012 ilishuka hata milioni 3.4. Na kijani kweli kimeongezeka. Katika kisiwa cha Greenland eneo lenye mimea limezidi maradufu tangu miaka ya 1980. Huko Alaska, mwishoni mwa miaka ya 1940, ndege za wanamaji wa Marekani zilipiga picha za mabonde yake. Wataalamu walipopiga picha mahali pale pale baada ya miaka hamsini waliona vichaka viitwavyo alda vimenenepa na kuenea katika miteremko iliyokuwa mitupu. Hata baharini, kule barafu ilikopungua jua likapenya, vile vimea vidogo visivyoonekana kwa jicho vilizaa zaidi kwa asilimia 57 kati ya mwaka 1998 na 2018.

Kubwa lililonistaajabisha ni la kisiwa cha Ellesmere, upande wa Kanada. Mwaka 2013 ilitangazwa khabari ya majani laini, yale yanayotanda juu ya mawe kama zulia, yaliyofunikwa na barafu kiasi cha miaka mia nne. Barafu iliporudi nyuma yalitoka yamekauka, na wataalamu wakayaotesha upya. Subhana'llah! Mtu akisoma hilo asiseme nini?

Mpaka hapa kijana wangu ana haki. Lakini nilipoendelea nikakumbuka magofu ya Gedi. Nani katika sisi hajapita pale? Ni mji wa Waislamu, wenye msikiti wa Ijumaa na visima na nyumba za mawe, na leo miti imesimama ndani ya vyumba, mizizi imeshika kuta kama vidole. Mahali pale ni pa kijani kuliko nyumba yangu na yako. Nyumba yenye watu sebule yake haioti kitu. Kijani kile hakikuujenga mji. Kinatujuza tu kwamba wenyewe hawapo.

Na nchi ile ya kaskazini ina wenyewe. Kwanza ni ardhi yenyewe, ambayo chini imeganda mwaka hata mwaka. Ndani yake mna mabaki ya mimea iliyokufa tangu maelfu ya miaka, na kaboni iliyomo hukadiriwa tani bilioni 1,500, karibu mara mbili ya ile iliyomo hewani. Theluji nyeupe hurudisha jua juu. Kichaka cheusi kinachochomoza juu ya theluji hulinywa jua. Tena wakati wa baridi kichaka hukusanya theluji chini yake, ikawa kama blanketi, ardhi isigande sawasawa. Ikiyeyuka, yale mabaki huoza na kutoa hewa inayozidisha joto. Ni kweli kwamba kichaka nacho huvuta kaboni kinapokua. Lakini ni kama mtu anayeweka shilingi katika kibuyu huku chini kimetoboka. Mwaka 2007 moto uliwaka karibu na mto Anaktuvuk huko Alaska, ukaunguza kiasi cha kilomita za mraba elfu moja za uwanda ambao ni nadra kuungua, na kiasi cha tani milioni mbili za kaboni zikaenda hewani kwa msimu mmoja.

Kisha wako wanyama na wachungaji wao. Katika rasi ya Yamal, nchi ya Urusi, Wanenets hufuga kulungu wa theluji kama Wamasai wanavyofuga ng'ombe. Novemba 2013 ilinyesha mvua mahali pa theluji, ikaganda juu ya malisho kama kioo, na wanyama wapatao 61,000 wakafa kwa njaa na chakula kiko chini ya kwato zao.

Na ndege je? Katika vitwitwi wanaokula kwenye matope ya hori ya Mida wamo waliototolewa Siberia. Jamaa zao wengine hutoka rasi ya Taimyr kwenda Mauritania. Theluji ya Taimyr siku hizi huyeyuka mapema, wadudu hutoka mapema, na makinda yakianguliwa huta wadudu wamepungua. Hukua wadogo, wenye midomo mifupi, na wakifika Mauritania midomo haifiki kwenye chaza waliojificha mchangani. Wengi hawaumalizi mwaka wa kwanza.

Atasema mtu: mkulima wa kusini ya Greenland analima viazi na kulisha kondoo, na majira ya kiangazi yamemrefukia, wewe wa pwani ni nani hata umnyime? Simnyimi. Riziki yake ni riziki. Nilichokosea ni kudhani kwamba jani likiwa zuri kwa nafsi yake basi ni zuri popote lilipo. Katika fiqhi yetu ya Shafi, mtu akipora kiwanja akapanda mnazi, mnazi ni mzuri na nazi zake ni tamu, lakini huamrishwa aung'oe. Na iko mas'ala nyingine iliyo karibu zaidi, nayo Imam Nawawi ameitaja katika Minhaj: mafuriko yakichukua mbegu ya mtu yakaitupa katika shamba la mwenziwe ikaota, mmea ni wa mwenye mbegu, na kauli iliyo sahihi zaidi ni kuwa yeye hulazimishwa kuung'oa. Angalia, msomaji. Huyu hakupora. Hakukusudia. Pengine alikuwa amelala. Na bado jukumu ni lake.

Hapo ndipo usingizi uliponiruka mara ya pili. Mbegu ya joto hili ni moshi wa makaa, mafuta na gesi. Wengi waliouchoma ni watu wa viwanda wa Ulaya na Marekani na baadaye Uchina, na sisi wa pwani sehemu yetu ni ndogo mno. Lakini mafuta mengi yametoka katika nchi za Waislamu, na bati za madrasa ninamosomesha zilinunuliwa kwa sadaka ya watu wa Ghuba. Nilikaa chini ya bati zile nikamwambia kijana kwamba ni rehema. Sisemi sadaka ile ni haramu, hasha. Mafuta ni mali ya halali na waliotoa walitoa kwa moyo safi. Nasema tu kuwa sikuwa shahidi asiye na sehemu katika kesi.

Jumatano nilirudi darsani nikaitengua kauli yangu mbele ya wale wale walioisikia. Kijana akanyamaza kidogo, kisha akauliza: "Basi Maalim, mwenye mbegu asipoweza kuung'oa tena mmea, itakuwaje?" Nikamwambia afungue kitabu, tuanze mlango wa dhamana tangu mwanzo.