Simulizi kama Kani: Mpaka wa Neno la Binadamu

Idara ya chuo kikuu ambayo ingechunguza simulizi kama kani, yaani kama kitu kinachobadilisha mwendo wa vitu vingine, bado ni ya kubuni, lakini swali ambalo ingelazimika kulijibu ni la kale na ni la kweli: je, maneno yakipangwa yakawa kisa yanaweza kuusogeza ulimwengu, au hugusa mawazo tu, na miili husogea kwa sababu nyingine? Newton, katika kitabu chake cha mwaka 1687, aliifunga kani na badiliko la mwendo wala hakudai kueleza kiini chake, na kwa kipimo hicho simulizi haiwezi kufukuzwa mlangoni.

Pingamizi zito zaidi lilikwisha kutolewa mwaka 1643, pale Elisabeth, binti mfalme wa Bohemia, alipomwandikia mwanafalsafa Descartes akitaka kujua roho isiyo na umbo wala uzito inawezaje kuusukuma mwili, na Descartes hakuwahi kumpa jibu lililomridhisha. Simulizi nayo haina uzito. Hata hivyo, mwaka 1978 watafiti wa Marekani waliwachunguza wagonjwa waliokuwa wameng'olewa meno, wakaona kwamba nafuu iliyoletwa na plasibo, yaani dawa isiyo na kiungo chochote cha kutibu, ilizuiwa walipopewa naloksoni, dawa inayozuia kazi ya afyuni na vitu vya jamii yake mwilini. Imani ya mgonjwa kwamba amepewa cha kumtuliza ilikuwa imepita katika kemia ya mwili wake, na kwa hiyo ilikuwa na njia inayoweza kufuatiliwa.

Mfano mzito kuliko huo umo katika historia ya Tanganyika. Mwaka 1904 Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, katika nchi ya Wamatumbi, alisadikiwa kuwa amepagawa na pepo aitwaye Hongo, akatangaza kwamba dawa ya maji aliyoitoa ingezigeuza risasi za Wajerumani waliokuwa wakiitawala nchi kuwa maji. Habari hizo zilienda kwa minong'ono, kwa njia ambayo wenyeji waliiita njwiywila, zikawavuta watu hadi Ngarambe, kisha wajumbe wakazipeleka kwa makabila ambayo hayakuwahi kuwa na jeshi moja wala mtawala mmoja. Mwishoni mwa Julai 1905 watu wa Nandete waling'oa pamba waliyolazimishwa kuilima, na vita vilivyoitwa Maji Maji vikaenea kusini mwa nchi. Ni kweli kwamba kodi, viboko na kazi ya kulazimishwa ndivyo vilivyozaa hasira, lakini dhuluma hizo zilikuwapo kabla ya dawa, na watu hawakusimama pamoja kwa wingi ule mpaka simulizi ilipowafikia. Mchunguzi wa mwendo akiona maelfu ya watu wakiacha mashamba yao na kuelekea upande mmoja, hana haki ya kusema kwamba hapakuwa na kani.

Tarehe 30 Agosti 1905, mbele ya boma la Mahenge, wapiganaji walizikabili bombomu, yaani bunduki za rashasha, za Wajerumani kwa imani kamili, nazo risasi hazikugeuka. Hadi vita vilipokwisha mwaka 1907, vita vyenyewe na njaa iliyoletwa na kuchomwa kwa mashamba na maghala vilikuwa vimeua watu ambao makadirio ya idadi yao yanaanzia 75,000 na kufika 300,000.

Hapo ndipo mpaka wa kani hii unapoonekana, na ni mpaka ambao dini zinaujua vizuri. Waislamu na Wakristo hufundisha kwamba Mungu akiamuru kitu kiwe, huwa, hata kama hakina sikio la kuisikia amri hiyo, ilhali neno la binadamu halina njia nyingine ila kupita kwa anayelisikia na kuliamini. Mwanafalsafa William James alitetea mwaka 1896 wazo kwamba yapo mambo ambayo kuyaamini husaidia kuyafanya yawe kweli. Umoja wa makabila ni jambo la namna hiyo, kwa kuwa walioamini kwamba wao ni wamoja walikuwa tayari wameanza kuwa wamoja, lakini mwendo wa risasi haumngoji anayeamini wala anayekana. Simulizi ya Ngarambe ilibeba madai ya aina zote mbili katika pumzi moja, na waliokufa kwa risasi waliuawa na dai la pili huku la kwanza likiwa limekwisha kutimia. Kuwaita wajinga ni kuwakosea, maana kuhusu haki yao na kuhusu dhuluma iliyowaelemea hawakukosea hata kidogo. Kazi ya kwanza ya idara hiyo, na wajibu wa kila anayewasimulia watu wengine, ingekuwa kuyatenganisha madai hayo kabla mtu hajaweka maisha yake juu yake.

Utengano huo uliwahi kufanyika, nje ya chuo chochote. Julius Nyerere alipohutubia Umoja wa Mataifa mwaka 1956, aliieleza Maji Maji kuwa vita vya watu waliokataa haki ya mgeni kuwatawala, bila kuegemea ahadi ya dawa, na Tanganyika ikapata uhuru wake tarehe 9 Desemba 1961 pasipo vita.