Picha za Kale na Ushuhuda wa Kweli

Kila mwaka ifikapo tarehe 14 Oktoba, siku aliyofariki Mwalimu Nyerere mwaka 1999, wengi wetu hapa Iringo huketi mbele ya televisheni kutazama picha za sinema za kale. Twamwona Mwalimu akichanganya udongo wa Tanganyika na wa Zanzibar, Aprili 1964. Butiama si mbali, na wako wazee waliomjua uso kwa uso. Lakini hata mtoto aliyezaliwa juzi huinuka akisema kwamba yeye naye amemwona.

Basi mtengenezaji wa sinema wa leo huingia katika ghala la picha, hukata kipande, hukiunga na kingine, kisha hutia juu yake muziki na maneno ya mtu ambaye siku ile hakuwako. Picha nyingi za zamani zilipigwa bila sauti; makofi tuyasikiayo huenda yalitiwa baadaye. Tena yuko ambaye, akikosa picha ya siku aitakayo, huweka umati wa siku nyingine, akidhani umati ni umati tu. Katekista afundishaye Amri ya Nane atalitambua jambo hili mara moja, ingawa hakuna neno la uongo lililonenwa.

Liko lililo zito zaidi. Mwaka ule ule wa 1964, mwezi wa Januari, yalipotokea Mapinduzi ya Zanzibar, Waitalia waliokuwa wakitengeneza sinema iitwayo Africa Addio waliruka juu ya Unguja wakapiga picha za maiti na za watu waliokuwa wakikimbia. Sinema ilitoka mwaka 1966, na maneno yake yamejaa dharau kwa Waafrika. Mmoja wa watengenezaji wake, Gualtiero Jacopetti, alishtakiwa kwao kwa ajili ya picha za kuuawa mtu huko Kongo, naye akaachiliwa. Lakini kwa kuwa picha nyingine za sinema za mauaji ya Unguja ni haba mno, watu wa baadaye huzirudia hizo hizo, wakifuta sauti ya Mwitaliano na kuweka yao.

Je, sauti ikifutwa, picha imetakata? Mimi naona sivyo. Dharau haikuwa katika maneno peke yake. Ilikuwa pia katika kule kutazama kwa juu, watu wakionekana wadogo kama sisimizi, bila jina hata moja. Wako wasemao, basi na zitupwe. Nao siwafuati, maana waliouawa wangekosa hata shahidi huyo mbaya. Yampasa azitumiaye aseme waziwazi ni nani aliyezipiga, alikuwa wapi, na ni mambo gani ambayo hakuyaona. Wala asizitumie kujaza nafasi tu wakati msemaji apumzikapo.

Wako Unguja, na wengine Oman, watu waliopotewa na wazazi mwezi ule. Huyo huisimamisha picha, akasogea karibu na kioo, akitafuta kanzu aijuayo.