Mlango Usiouliza Jina: Runinga ya Kebo na Haki ya Kujisimulia

Wahakiki wa fasihi wamekwisha kujadili kwa kina tofauti iliyopo baina ya kujisimulia na kusimuliwa. Lililopuuzwa ni jukwaa lenyewe. Je, mwenye jukwaa ana haki ya kupima ustahili wa msimulizi kabla ya kumruhusu kunena? Swali hili lilipata jibu la kivitendo jijini New York, katika vipindi vya awali vya runinga ya kebo vilivyoandaliwa na wapenzi wa jinsia moja.

Kampuni za kebo za Manhattan, kwa kuwa zilipitisha nyaya zao katika barabara za umma, zilitakiwa na jiji kutenga chaneli ambazo raia yeyote angeweza kurushia kipindi chake. Chaneli hizo zilianza mwaka wa 1971. Aliyetangulia kuomba ndiye aliyetangulia kupewa. Kando yazo palikuwa na Chaneli J, iliyokodishwa kwa malipo. Huko ndiko kipindi cha Emerald City kilikoonyeshwa kuanzia 1977. Mlango huo haukuuliza jina la mgeni, ingawa uliuliza mfuko wake.

Mnamo 1982 Lou Maletta alianzisha Gay Cable Network. Ukimwi ulikuwa umeanza kuua katika jamii yake, na vituo vikubwa vya habari viliuzungumzia kwa nadra, tena kama balaa la watu wengine. Kiisimu, badiliko lililoletwa na Maletta ni dogo: nafsi ya tatu imekuwa ya kwanza. Kimaadili ni kubwa mno, kwani waliokuwa mada ya taarifa sasa ndio waliouliza maswali. Mwaka wa 1993 Ana María Simo, mtunzi wa tamthilia mzaliwa wa Cuba, pamoja na Mary Patierno na Linda Chapman, waliasisi Dyke TV, iliyowafunza wanawake kushika kamera wenyewe. Umaridadi wa studio kubwa haukuwapo, na mhakiki anayeutafuta hapo amekosea utanzu.

Hata hivyo, mlango usiobagua humwingiza na adui. Mwaka wa 1988, Ku Klux Klan ilipotaka nafasi katika chaneli ya umma ya Kansas City, Missouri, baraza la jiji liliamua kuifuta chaneli nzima. Ilirejeshwa mwaka uliofuata, baada ya kesi. Anayedai kwamba kanuni hii haina gharama hajawahesabu wanaotukanwa. Lakini njia mbadala ni ipi? Kumteua bawabu wa kuamua nani anastahili? Bawabu wa namna hiyo, katika Marekani ya miaka ya 1970, angaliifukuza Emerald City kabla hata hajaiona sura ya Klan. Uovu unaopita mlango ulio wazi huonekana na kujibiwa. Ule wa bawabu haujulikani, kwa kuwa aliyefukuzwa hana pa kulalamikia.

Mwaka wa 1996, katika kesi ya Denver, Mahakama ya Juu ya Marekani iliikubali nusu tu ya hoja hii. Ilitangua kifungu cha sheria ya 1992 kilichoziruhusu kampuni kupiga marufuku maudhui yaliyodaiwa kuwa machafu katika chaneli za umma. Kuhusu chaneli za kukodi, za aina ya ile J, ruhusa ya kuzuia ilibakizwa, na uamuzi wa kwanza kuhusu lipi ni chafu ukaachwa mikononi mwa kampuni.